Kupisha uchunguzi hadi lini?

Barua yenyewe huwa fupi. Inamwarifu mtumishi kwamba amesimamishwa kazi kuanzia leo ili kupisha uchunguzi, akabidhi funguo na kompyuta, asionekane eneo la kazi bila ruhusa ya maandishi, na kwamba atajulishwa hatua itakayofuata. Hilo "atajulishwa" halina tarehe. Ndani yake wamo watu wa Nairobi, Kampala na Dar es Salaam waliokaa miezi, wengine zaidi ya mwaka, hawajafukuzwa na hawajasafishwa, na wapo ambao hawajaulizwa hata swali moja kuhusu kosa wanalodaiwa kutenda.

Kupisha, kwa Kiswahili cha kila siku, ni jambo la dakika chache. Kwenye njia nyembamba ya shambani mtu humpisha aliyebeba mzigo. Mzigo ukishapita, aliyepisha anarudi njiani na safari inaendelea. Hakuna anayepisha mpaka jua lizame. Waajiri walipoliazima neno hili walichukua nusu yake ya kwanza, ile ya kukaa kando, wakaiacha ya pili, ya kurudi njiani.

Nchini Tanzania maneno hayo yaliingia vinywani mwa kila mtu mwishoni mwa 2015. Novemba mwaka huo Waziri Mkuu Kassim Majaliwa aliwasimamisha maofisa wa Mamlaka ya Mapato kuhusiana na makontena 349 yaliyodaiwa kutoka bandarini Dar es Salaam bila kulipiwa kodi, na baada ya hapo zikafuata ofisi nyingine nyingi. Wananchi walishangilia, na walikuwa na sababu. Lakini habari ya kusimamishwa ilikaa ukurasa wa kwanza, na habari ya uchunguzi kumalizika, pale ulipomalizika, ilibidi itafutwe kurasa za ndani. Magazeti nayo yana sehemu yao katika hili.

Hakuna mtu makini anayepinga haki ya mwajiri kumweka kando mtumishi anayetuhumiwa. Mtunza stoo anayedaiwa kuiba hawezi kuachiwa funguo za stoo wakati vitabu vinakaguliwa. Msimamizi anayetuhumiwa kumsumbua kimapenzi mfanyakazi wa chini yake hawezi kuendelea kumpangia zamu. Ubishi uko kwingine: uchunguzi ukichelewa, nani anabeba gharama ya kuchelewa huko? Sheria za nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki zinajibu swali hilo kila moja kivyake, na majibu mengi yanamtwisha mzigo yule asiye na uwezo wowote wa kuuharakisha uchunguzi.

Ili kuona tofauti hizo, inatosha kuchukua mfano wa benki moja ya kubuni yenye matawi Kampala, Dar es Salaam na Nairobi. Fedha za wateja zimepotea. Siku moja, kwa barua iliyoandikwa na ofisi moja kwa maneno yale yale, karani mmoja anasimamishwa katika kila tawi.

Karani wa Kampala ana bahati ya kuwa na tarehe. Sheria ya Ajira ya Uganda ya 2006, katika kifungu kilichotungwa kama cha 63, inamruhusu mwajiri kumsimamisha mtumishi kwa nusu mshahara pale anapofanya uchunguzi unaoweza kuleta sababu ya kumwachisha kazi. Kisha inaweka ukomo: kusimamishwa huko kusizidi wiki 4, au muda wa uchunguzi wenyewe, kutegemea upi ni mfupi. Uchunguzi ukiisha siku ya 10, kusimamishwa nako kumekwisha siku ya 10.

Mwenzake wa Dar es Salaam hana tarehe, ila ana mshahara. Kanuni za Utendaji Bora zilizotolewa kwa Tangazo la Serikali Namba 42 la 2007, chini ya Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, zinamruhusu mwajiri kumsimamisha mtumishi mwenye tuhuma nzito, lakini kwa malipo kamili. (Hiyo ni Tanzania Bara, Zanzibar ina sheria yake ya ajira, na watumishi wa umma wana kanuni zao ambako nusu mshahara ndiyo desturi.)

Karani wa Nairobi hana kimoja wala kingine. Sheria ya Ajira ya Kenya ya 2007 inamlinda vizuri mtu anayefukuzwa: kifungu cha 41 kinataka aelezwe sababu na asikilizwe akiwa na mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, kifungu cha 43 kinamtaka mwajiri athibitishe sababu hizo, na cha 45 kinakataza kuachishwa kazi bila haki. Kuhusu siku zilizo kati ya barua ya kusimamishwa na siku ya kusikilizwa, sheria hiyo iko kimya. Pengo hilo linazibwa na mkataba wa ajira, kijitabu cha sera za kampuni, au makubaliano ya pamoja kama chama cha wafanyakazi kipo na kilikuwa macho. Majaji wa Mahakama ya Ajira na Leba wamerudia kusema kwamba mwajiri hawezi kuzuia mshahara wa aliyesimamishwa isipokuwa sheria au mkataba unamruhusu, na Katiba ya 2010, ibara ya 41, inampa kila mtu haki ya kutendewa sawasawa kazini. Maneno mazuri. Ila mtu hufika mbele ya jaji baada ya kumpata wakili, na wakili hupatikana kwa fedha, na fedha ndiyo hiyo iliyozuiwa.

Athari ya nusu mshahara haionekani vizuri mpaka ipigiwe hesabu. Karani wa Nairobi alikuwa akilipwa Sh60,000 kwa mwezi. Kama wafanyakazi wengi, alikuwa amekopa kwenye chama cha akiba na mikopo, pengine kununua kiwanja, pengine kulipa karo ya chuo. Sheria ya Kenya inataka makato yote yasizidi theluthi mbili ya mshahara, kwa hiyo hata alipobanwa sana alibaki na Sh20,000 mkononi. Sasa mshahara umekuwa Sh30,000. Theluthi yake ni Sh10,000. Hiyo ndiyo kodi ya nyumba, unga, nauli, dawa na kalamu za watoto. Na kwa kuwa makato yamepungua, deni halipungui kama lilivyopangwa, na riba inaendelea kuhesabiwa. Akisafishwa baada ya mwaka mmoja na kurudishiwa nusu zote alizokatwa, hatarudishiwa riba hiyo, wala kiwanja alichokiuza kwa bei ya mwenye shida.

Hapo hajatajwa mtaa. Wapo waliosimamishwa wanaoendelea kuvaa na kutoka nyumbani saa 12 asubuhi, wakakae maktaba au kwenye benchi la bustani hadi jioni, ili majirani wasijue. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na aliyesimamishwa hangoji peke yake. Anangoja na mke au mume, wazazi kijijini na watoto wanaoanza kuuliza maswali.

Kuna mtego mwingine ambao watu wa nje huwa hawauoni. Aliyefukuzwa yuko huru kutafuta kazi kwingine siku hiyo hiyo. Aliyesimamishwa bado ni mwajiriwa. Mkataba wake unamkataza kumfanyia kazi mtu mwingine, na katika utumishi wa umma wa nchi kadhaa za kanda hawezi hata kutoka nje ya nchi bila ruhusa ya mkuu wake. Akipata kibarua akakishika, mwajiri anaweza kudai ameikimbia kazi, na shauri ambalo lilikuwa dhaifu linapata miguu. Akikaa kimya akasubiri, siku za kulalamika zinampita. Tanzania Bara, mgogoro wa kuachishwa kazi hupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30, na migogoro mingine ndani ya siku 60. Mtu aliyeambiwa "utajulishwa" hajui hata aanze kuhesabu lini, wala alalamikie nini. Hajaachishwa kazi, kwa hiyo hana kuachishwa kwa kulalamikia. Mwajiri mjanja analijua hilo. Kumfukuza mtu kunahitaji sababu, kikao na kumbukumbu za maandishi. Kumsimamisha bila mwisho hakuhitaji chochote ila subira, na mara nyingi mtu huchoka akaandika mwenyewe barua ya kuacha kazi. Uchunguzi unafungwa siku hiyo, kama uliwahi kufunguliwa.

Kwa upande mmoja, basi, jibu la Tanzania Bara ni bora kuliko ya majirani zake. Mshahara kamili unaiweka gharama ya kuchelewa pale panapostahili. Kila mwezi unaopita bila kikao cha nidhamu, mwajiri analipa mtu asiyefanya kazi, na huenda analipa wa pili anayeshika nafasi yake. Mwenye kampuni halisi, anayetazama vitabu vyake mwisho wa mwezi, hahitaji kuhimizwa na hakimu. Ataharakisha mwenyewe. Chini ya nusu mshahara hali inageuka: kila mwezi wa kuchelewa ni akiba kwa mwajiri.

Lakini mshahara kamili peke yake hautoshi, na mfano wa kuliona hilo uko Afrika Kusini. Huko watumishi wa serikali husimamishwa kwa mshahara kamili, na kanuni za nidhamu zilizokubaliwa kati ya serikali na vyama vya wafanyakazi mwaka 2003 zinataka kikao kifanyike ndani ya mwezi mmoja au siku 60, kulingana na uzito wa shauri. Zipo fedha, na upo muda. Hata hivyo wabunge wa nchi hiyo wamekuwa wakilalamika mara kwa mara kuhusu mamilioni ya randi yanayolipwa watu waliokaa nyumbani kwa muda mrefu kupita ukomo huo. Sababu si ngumu kuelewa. Mkuu wa idara hatoi fedha mfukoni mwake. Analipa mlipa kodi. Na kanuni zile zile zinamwachia mwenyekiti wa kikao kuamua kuhusu kuahirisha zaidi, hivyo siku 60 zikifika hakuna kinachotokea chenyewe.

Huo ndio ugonjwa wa Uganda pia. Wiki 4 zimeandikwa wazi kabisa, lakini sheria haisemi nini kinafuata siku ya 29. Je, mtumishi arudi kazini asubuhi yake? Je, mshahara wake unarudi kuwa kamili? Je, tuhuma zinafutika? Kifungu hakijibu. Mahakama ya Viwanda mjini Kampala imeona katika mashauri yaliyofika mbele yake kwamba kuzidisha wiki 4 ni kuvunja sheria, na imewapa wahusika stahili zao. Kwa wale waliofika, yaani. Mlinzi wa kampuni ya ulinzi huko Mbale au mhudumu wa hoteli Fort Portal, aliyesimamishwa wiki ya 9 sasa, atalijulia wapi hilo? Akienda langoni na nakala ya sheria mkononi, mlinzi mwenzake ana amri ya kutomfungulia.

Utumishi wa umma wa nchi hiyo una ukomo wake katika kanuni za kudumu za watumishi: uchunguzi umalizike ndani ya miezi 3, au miezi 6 kama polisi na mahakama wamehusika. Kenya nayo, katika mwongozo wa nidhamu wa Tume ya Utumishi wa Umma, inataka mashauri yamalizwe ndani ya miezi 6. Kwenye karatasi, kanda hii haina upungufu wa tarehe. Tatizo ni kwamba tarehe nyingi zimeandikwa kama ombi.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni wa kesi za ufisadi nchini Kenya. Sheria ya Kupambana na Ufisadi na Uhalifu wa Kiuchumi ya 2003, kifungu cha 62, inataka mtumishi wa umma aliyefunguliwa mashtaka ya ufisadi asimamishwe kwa nusu mshahara tangu siku ya mashtaka hadi kesi iishe. Baadaye bunge liliongeza sharti kwamba kesi iamuliwe ndani ya miezi 24. Aliyekuwa gavana wa Samburu, Moses Lenolkulal, alifunguliwa mashtaka Aprili 2019. Hukumu ikatoka Agosti 2024. Ni zaidi ya miaka 5. Gavana huyo alipatikana na hatia, na wachache watamlilia, lakini mahakama zinazochukua miaka 5 kwa gavana hazina njia ya mkato kwa karani wa kaunti au mwuguzi aliyetia sahihi hati ya kupokea dawa akaunganishwa kwenye kesi na wakubwa zake. Sharti la miezi 24 linamlaumu hakimu, mwendesha mashtaka na wakili wa utetezi wote kwa pamoja, kwa hiyo halimlaumu yeyote. Anayekaa kwenye nusu mshahara ni mmoja tu.

Waajiri wengi, wa umma na wa binafsi, hujificha nyuma ya kesi kama hizo hata pale ambapo hazihusiki. "Suala liko polisi" ni jibu linalotolewa madirishani pote Afrika Mashariki. Hata hivyo mahakama za Kenya zimekuwa zikisema kwa miaka mingi kwamba shauri la nidhamu kazini na kesi ya jinai ni vitu viwili. Jinai inataka ushahidi usioacha shaka. Nidhamu inamtaka mwajiri awe na sababu za haki za kuamini alichoamini, na amsikilize mtu kwanza. Mwajiri mwenye vitabu vya hesabu, kumbukumbu za zamu na mashahidi waliokaa ofisi moja na mtuhumiwa hana haja ya kumsubiri hakimu. Anaweza kumwita mtumishi, amweleze tuhuma, amsikilize, aamue. Tanzania Bara kanuni zinataka mtumishi apewe angalau saa 48 za kujiandaa kwa kikao. Ni saa 48 tu. Tuhuma nyingi za kazini zingeweza kuamuliwa ndani ya wiki 2 kama mtu angetaka kuziamua.

Waajiri wana hoja zao, na baadhi ni nzito. Wizi wa kisasa haufanani na wa mtunza stoo. Fedha hupita katika simu kumi kabla ya kutolewa kwa wakala mtaa mwingine, na kuzipata kumbukumbu kutoka kampuni za simu kunahitaji amri ya mahakama. Ukaguzi wa hesabu za miaka 3 hauwezi kumalizika ndani ya wiki 4. Kisha yuko mwajiri mdogo, mwenye duka la dawa na wafanyakazi 3, anayeuliza jambo la haki kabisa: atalipaje mshahara kamili kwa mtu anayeamini amemwibia, na wakati huo huo amlipe mwingine wa kushika nafasi yake?

Kwa uchunguzi mkubwa, jibu ni kuongezewa muda kwa masharti. Mwajiri aandike sababu, amwonyeshe mtumishi, aziwasilishe kwa ofisa wa kazi wa wilaya au kaunti, na apewe nyongeza moja yenye tarehe. Anayejua kwa nini anahitaji wiki 6 zaidi hatashindwa kuliandika hilo kwenye ukurasa mmoja. Anayeshindwa kuliandika huenda hajui anachunguza nini. Na si lazima mtu akae nyumbani muda wote huo. Karani wa benki anaweza kufungiwa mfumo wa fedha akahamishiwa masijala. Mwalimu anaweza kupangiwa kazi ofisi ya elimu. Dereva anaweza kunyang'anywa gari akabaki gereji. Ni ajabu jinsi njia hizo zinavyosahaulika haraka, kana kwamba tuhuma haiwezi kuchunguzwa mpaka mtuhumiwa awe amelala kwake.

Mwajiri mdogo anastahili kuhurumiwa zaidi. Lakini yeye ndiye mwenye uchunguzi mfupi kuliko wote. Duka lina kabati moja na daftari moja, na wafanyakazi wawili waliobaki wanajua kilichotokea. Siku 5 zinamtosha. Mshahara kamili wa siku 5 haufungi duka. Na kama ni kweli ameibiwa, sheria za nchi zote tatu zinamruhusu kumwachisha mtu kazi kwa kosa kubwa, mara tu amsikilize.

Kinachobaki ni nini kitokee ukomo ukifika, na kwa hili Rwanda ina somo, ingawa linatoka kwenye kusimamishwa kwa namna nyingine. Sheria ya kazi ya 2018 inamruhusu mwajiri aliyekwama kiuchumi au kiufundi kusimamisha mikataba ya wafanyakazi kwa muda usiozidi siku 90 ndani ya mwaka mmoja. Mfanyakazi asiporudishwa baada ya hapo, sheria yenyewe inamhesabu kuwa ameachishwa kazi na anadai stahili zake zote. Hahitaji kusubiri barua. Hahitaji kuthibitisha kwamba mwajiri alikuwa na nia mbaya. Siku ya 91 inafanya kazi ambayo huko kwingine inamhitaji wakili na miaka 2 ya kesi. Katika biashara za utalii, ambako msimu mbaya unaweza kuwapeleka watu nyumbani bila mshahara huku wakiambiwa "tutawaita", sharti la namna hiyo ndilo linalompa mtu ruhusa ya kuendelea na maisha yake.

Zikiunganishwa, sheria hizi za majirani zinatoa kanuni moja nzuri ambayo hakuna nchi hata moja kati yao iliyo nayo nzima. Mshahara kamili kutoka Tanzania Bara. Wiki 4 kutoka Uganda. Kutoka Rwanda, siku inayojitekeleza yenyewe: wiki 4 zikiisha, au nyongeza moja iliyoidhinishwa ikiisha, kusimamishwa kunakufa. Mtumishi anarudi kazini, au yuko mbele ya kikao cha nidhamu akiwa na tuhuma zake mkononi. Mwajiri asiyemfungulia lango ahesabiwe kuwa amemwachisha kazi bila sababu, na siku za kulalamika zianze kuhesabiwa hapo. Tuhuma zenyewe hazifutiki. Mwajiri anaweza kuendelea kuzichunguza mtu akiwa kazini.

Pa kuiandika kanuni hiyo pako. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyotiwa sahihi Novemba 2009 na kuanza kutumika Julai 1, 2010, inampa mfanyakazi wa nchi mwanachama haki ya kufanya kazi katika nchi nyingine, kwa ibara ya 10. Ibara ya 12 inazitaka nchi zioanishe sera na sheria zao za kazi ili haki hiyo iwe na maana. Tangu hapo yamezungumzwa mengi kuhusu vibali vya kazi na vyeti vya taaluma, na hayo ni ya lazima. Lakini mhasibu wa Mwanza anayehamishiwa tawi la Kisumu haulizi tu kama cheti chake kitatambuliwa. Anahamia kwenye nchi ambako, akituhumiwa, hana mshahara wa uhakika wala tarehe ya kurudi, na akiwa mgeni hana shamba la kukimbilia wala ndugu wa kumpa hifadhi, na huenda kibali chake cha kuishi kinategemea ajira hiyo hiyo inayoning'inia. Oanisho linalostahili jina hilo lingeanza na mtu kama huyo.

Kazi hiyo itachukua miaka, kama zichukuavyo kazi zote za Arusha. Kampuni za kanda hazina sababu ya kuisubiri. Zile zenye kijitabu kimoja cha sera kwa nchi 4 au 5 huchagua leo kufuata kiwango cha chini kinachoruhusiwa kila mahali. Zingeweza kuchagua cha juu, na vyama vya wafanyakazi vingeweza kulidai hilo katika mazungumzo yajayo ya makubaliano ya pamoja, ambako kifungu cha kusimamishwa kwa kawaida hupitishwa dakika za mwisho baada ya ubishi wa nyongeza ya mishahara kumaliza nguvu za kila mtu. Haihitaji bunge wala itifaki kubadili barua ya aya mbili. Inahitaji kuongezwa mistari mitatu: mtumishi ataendelea kulipwa kiasi gani, nani kwa jina anafanya uchunguzi, na tarehe ambayo, kama hajaitwa kwenye kikao, anatakiwa kuripoti kazini saa 2 asubuhi.